Killian Tillie: forwadi Mfaransa aliyeipanua Gonzaga

Tarehe 1 Aprili 2017, Glendale, jimbo la Arizona, nusu fainali ya mashindano ya kikapu ya NCAA, chama cha michezo ya vyuo vya Marekani. Chuo cha Gonzaga wanaongoza 75–72, mpira uko kwa South Carolina, na zimebaki sekunde 3.5. Gonzaga wanacheza faulo ya makusudi. Hesabu yake ni nyepesi: ukiwa mbele kwa pointi tatu, mitupo miwili huru, yenye pointi moja moja, haikufikii, mtupo mmoja wa mbali wa pointi tatu unakufikia. Sindarius Thornwell wa South Carolina anatia wa kwanza, 75–73, kisha wa pili anaugongesha ringi kusudi ili wenzake wauwahi mpira. Hapo ndipo mpango wa faulo unapoharibika mara nyingi, kwa sababu wachezaji hubaki wanautazama mpira angani badala ya kumzuia mtu wao kwa mgongo. Safari hii ribaundi, yaani mpira uliorudi kutoka kwenye ringi, inaangukia mikononi mwa Killian Tillie, Mfaransa wa mwaka wa kwanza, umri miaka 19, aliyeanzia benchi. Anachezewa faulo, anasimama mstarini mbele ya umati unaozidi watu 75,000, anatia yote mawili. Mechi inaisha 77–73, na Gonzaga wanaingia fainali kwa mara ya kwanza katika historia ya chuo hicho.

Watu wengi wakitajiwa jina la Tillie hukumbuka majeraha tu. Ni kweli aliumia sana, na majeraha hayo tutayapitia moja moja. Ila mtu akiishia hapo anakuwa hajamwona mchezaji mwenyewe. Tillie alikuwa mmoja wa wachezaji bora kabisa wa namba nne, yaani forwadi mrefu, katika mpira wa vyuo wa wakati wake, na ubora wake haukukaa kwenye wastani wa pointi. Ulikaa kwenye nafasi aliyowafungulia wenzake. Mchezaji wa namna hiyo akikosekana, timu nzima inapungua, na kalenda ya vyuo vya Marekani haimpi muda wa kurudi.

Nyumba ya voliboli

Alizaliwa Paris tarehe 5 Machi 1998, akakulia Cagnes-sur-Mer, mji wa pwani kusini mwa Ufaransa. Baba yake, Laurent Tillie, aliichezea Ufaransa voliboli katika Olimpiki ya 1988 na ya 1992, na baadaye akiwa kocha aliipa timu ya taifa dhahabu ya Olimpiki ya Tokyo mwaka 2021. Mama yake, Caroline Keulen, alikuwa mchezaji wa voliboli kutoka Uholanzi. Kaka yake Kévin alikuwa ndani ya kikosi hicho hicho cha dhahabu. Kaka mwingine, Kim, ndiye aliyeifuata njia ya kikapu: alicheza Chuo Kikuu cha Utah kuanzia 2006 hadi 2010, akarudi Ulaya, na mwaka 2014 alikuwa na Ufaransa iliyotwaa shaba ya Kombe la Dunia.

Ukoo huu unaeleza mambo mawili. La kwanza ni miguu na mikono. Mtazame Tillie anavyopokea mpira: vidole vimefunguka, magoti yamekunjwa kabla mpira haujafika, mabega yameshaelekea ringi. Mtoto aliyekulia voliboli hana muda wa kuudaka mpira kwanza ndipo afikiri. Siwezi kuthibitisha kwamba hapo ndipo alipoutoa wepesi wake, ila kwa mtu wa sentimita 208 na kilo 100 hivi, wepesi ule si wa kawaida.

La pili ni taarifa. Njia ya chuo cha Marekani haikuwa ngeni mezani kwao. Kim alishaipita akiwa Utah, na Kévin akiwa UC Irvine, California, alitwaa ubingwa wa voliboli wa NCAA mara mbili mfululizo, 2012 na 2013. Vijana wengi wa Ulaya huipoteza nafasi hii kwa sababu nyumbani hakuna anayejua karatasi gani inatakiwa lini. Kwa akina Tillie watu wawili walikuwa wameshazijaza.

Kutoka INSEP hadi Spokane

Kabla ya Marekani alipita INSEP, kituo cha taifa cha michezo kilichoko msitu wa Vincennes, Paris. Humo shirikisho la kikapu la Ufaransa huwakusanya vijana wake bora, wanalala hapo, wanasoma hapo, wanafanya mazoezi hapo, na wana timu yao inayocheza ligi ya watu wazima ya daraja la chini. Kijana wa miaka 16 anapigana vikumbo na mtu wa miaka 30 mwenye familia ya kulisha. Ni shule ngumu kuliko mashindano yoyote ya vijana. Tony Parker, Boris Diaw na Ronny Turiaf walipitia mlango huo huo. Mwaka 2014 Ufaransa ilitwaa ubingwa wa Ulaya wa chini ya miaka 16 kule Latvia, na Tillie akachaguliwa mchezaji bora wa mashindano.

Kuna sababu ya kiutaratibu iliyoifanya INSEP iwe mahali pazuri pa kuanzia safari ya chuo. Kwa sheria za NCAA za wakati ule, kijana aliyesaini mkataba wa kulipwa na klabu alijiweka kwenye hatari ya kufungiwa mechi au kukataliwa kabisa. Klabu kubwa za Ufaransa huwasainisha vijana wao mapema. Aliyebaki chini ya shirikisho alikuwa bado msafi mbele ya wakaguzi wa Marekani. Mengine ni ya darasani: masomo 16 ya msingi ya sekondari yanayotambuliwa na NCAA, vyeti vilivyotafsiriwa, na muda. Kwa kikapu, ukimaliza sekondari una mwaka mmoja wa kujiunga na chuo. Ukipitisha hapo huku ukiendelea kucheza mashindano rasmi, unaanza kupoteza misimu yako. Makosa yanayowakuta vijana wengi ni mawili: mtu wa pembeni anayejiita wakala kumlipia kijana kitu, na cheti cha sekondari ambacho masomo yake hayalingani na orodha ya NCAA. Yote mawili huonekana wakati tiketi imeshakatwa.

Gonzaga ni chuo kidogo cha Kijesuiti mjini Spokane, mashariki ya jimbo la Washington, mbali na bahari na mbali na miji mikubwa. Ukumbi wao, McCarthey Athletic Center, unaingiza watu 6,000 tu. Chuo cha namna hiyo hakiwezi kushindana na vigogo kugombea kila kijana maarufu wa Kimarekani, kwa hiyo kocha Mark Few na msaidizi wake wa miaka mingi, Tommy Lloyd, waligeukia nje. Domantas Sabonis kutoka Lithuania, Przemek Karnowski kutoka Poland, Rui Hachimura kutoka Japani, wote walipita mikononi mwao. Sabonis aliondoka kwenda NBA mwaka 2016, mwaka ule ule Tillie alipofika. Nafasi ya mtu mrefu mwenye akili ya mpira ilikuwa wazi.

Mfaransa wa kwanza kupendwa pale alikuwa Turiaf, naye forwadi, mzaliwa wa Martinique. Alicheza Gonzaga kuanzia 2001 hadi 2005 na akamaliza akiwa mchezaji bora wa mwaka wa ligi ya West Coast, ligi ya vyuo ambayo Gonzaga walikuwa wakicheza. Lakers wakamchukua nafasi ya 37 katika drafti ya 2005, zoezi la kila mwaka ambamo klabu za NBA huchagua wachezaji wapya, na vipimo vya afya vya klabu vikaonyesha kuwa mzizi wa mshipa mkuu unaotoka moyoni mwake umetanuka. Julai mwaka huo alifanyiwa upasuaji wa kufungua kifua. Mapema 2006 alikuwa ameshaanza kuichezea Lakers, na mwaka 2012 alitwaa ubingwa wa NBA akiwa na Miami. Tillie aliingia kwenye jezi hiyo yenye historia ya Mfaransa anayeumia na kurudi.

Mwaka wa kwanza

Msimu wa 2016–17 Gonzaga walishinda mechi 37 na kupoteza 2. Tillie alikuwa namba nne au tano (senta) ya akiba nyuma ya Karnowski, Johnathan Williams na Zach Collins, dakika 12 hivi kwa mechi, pointi 4.2. Kazi yake ilikuwa kuingia bila kuvuruga kitu: weka skrini (simama imara mlinzi wa mwenzako akwame kwako), ziba njia, chukua ribaundi, toa mpira. Kwenye fainali dhidi ya North Carolina waamuzi walipuliza faulo 44, Collins akatolewa kwa faulo tano, na kijana akajikuta uwanjani katika mechi iliyokuwa inavunjika vipande vipande. North Carolina wakashinda 71–65.

Alichokuwa anakifanya hasa

Msimu wa pili, 2017–18, ndio wa kutazama kwa makini. Wastani wake ulikuwa pointi 12.9 na ribaundi 5.9, asilimia 58 ya mitupo yote, na asilimia 47.9 ya pointi tatu. Hiyo ya mwisho ichambue. Asilimia 47.9 ya mtupo wenye pointi tatu inaleta pointi 1.44 kila anapotupa. Mtu anayetupa za pointi mbili angehitaji kutia asilimia 72 ili amfikie. Hakuwa anatupa nyingi, chini ya tatu kwa mechi, lakini kila kocha wa upande wa pili aliijua hesabu hiyo, na hofu ya hesabu ndiyo iliyokuwa inafanya kazi.

Ili uione thamani yake lazima ukumbuke umbo la uwanja wa vyuo. Eneo la chini ya ringi lina upana wa mita 3.66, wakati la FIBA, shirikisho la kikapu la dunia, lina mita 4.9. Tena, tofauti na NBA, hakuna sheria inayomkataza anayelinda kukaa humo zaidi ya sekunde tatu. Maana yake mlinzi mrefu anaweza kupiga kambi chini ya ringi mechi nzima bila kuadhibiwa. Timu nyingi za vyuo huwa na namba nne na namba tano wasioweza kutupa kutoka mbali, kwa hiyo watu wanne warefu wanajazana kwenye kijumba cha mita 3.66 na pointi gadi, mchezaji anayeongoza mashambulizi, hana pa kupenya. Ukimleta mrefu anayetia karibu nusu ya mitupo yake ya mbali, mlinzi wake lazima atoke. Akitoka, uwanja unapumua.

Gonzaga walilitumia hilo kwa skrini ya juu. Tillie anapanda kutoka chini kwa kasi, anasimama kwa miguu iliyopanuka, mgongo ukielekea sehemu ambayo gadi anataka kwenda. Gadi, mara nyingi Josh Perkins, anapita akikwaruza bega lake, ili mlinzi asipate upenyo katikati. Mlinzi akishagonga kifua, Tillie anageuka huku macho yakiwa kwenye mpira, na badala ya kushuka kwenye ringi anarudi nyuma hadi nje ya mstari, pembe ya nyuzi 45. Mlinzi wake sasa ana sekunde moja ya kuamua. Akibaki kumsaidia mwenzake dhidi ya Perkins, pasi inatoka na mtupo unakwenda. Akimrukia Tillie, Tillie anainua mpira kama anayetupa, anapiga dribo moja hadi kwenye mstari wa mitupo huru, halafu anamtafuta mrefu mwingine aliyemzuia mlinzi wake mgongoni chini ya ringi. Hachimura na Williams walipata vikapu vyepesi vingi kwa pasi hiyo ya juu kwenda chini. Na wapinzani wakibadilishana watu, Tillie anashuka na kamlinzi kafupi na kuomba mpira karibu na ringi.

Linaloharibika kwenye mchezo huu ni moja, nalo hutokea kila siku kwenye viwanja vya mtaani na vya vyuo: mrefu anawahi kutoka kabla ya kugusana. Ana hamu ya kutupa, skrini inakuwa ya maonyesho tu, mlinzi wa gadi hajachelewa hata nukta, na mpira unarudi ulikotoka. Kosa jirani yake ni kurudi nyuma bila kupima, mguu unakanyaga mstari, pointi tatu zinakuwa mbili. Tillie alikuwa na subira ya kungoja mgongano, na miguu yake ilikuwa imeshapangwa wakati mpira unafika. Ndiyo maana mtupo wake ulitoka haraka bila kuonekana wa haraka.

Mstari wenyewe ulimsaidia. Ulaya alikulia na mstari wa mita 6.75. Vyuo vya Marekani wakati huo vilikuwa na mstari wa mita 6.32, karibu nusu mita ndani. Mwaka wake wa mwisho, 2019–20, NCAA ikausogeza hadi 6.75. Watupaji wengi wa vyuo walilalamika. Kwake ulikuwa mstari wa utotoni.

Kilele kilikuja Machi 2018 Las Vegas, kwenye mashindano ya ligi ya West Coast. Katika mechi tatu alitupa mitupo 14 ya pointi tatu akatia 13. Fainali Gonzaga waliifunga timu ya chuo cha BYU 74–54, Tillie akiwa na pointi 22, na akapewa tuzo ya mchezaji bora wa mashindano. Mtu anaweza kutia mitupo 13 kati ya 14 mazoezini, peke yake, na mpira anarudishiwa. Kufanya hivyo mbele ya walinzi waliotumwa kukuzuia wewe ni jambo jingine.

Nyonga, kifundo, wayo

Siku kumi na kitu baadaye, tarehe 22 Machi 2018, Los Angeles, Gonzaga walikuwa na Florida State katika hatua ya timu 16. Tillie alikuwa ameumia nyonga, na muda mfupi kabla ya mechi ikatangazwa hachezi. Florida State ilikuwa timu ya watu warefu wengi waliobadilishwa kwa zamu. Bila Tillie walinzi wao warefu hawakuwa na sababu ya kutoka chini ya ringi, na Gonzaga wakafunga pointi 60 tu, wakapoteza 75–60. Sidhani kama kuna mechi inayoonyesha thamani yake vizuri kuliko hiyo ambayo hakucheza.

Oktoba 2018 akagundulika na ufa wa msongo kwenye kifundo cha mguu na kufanyiwa upasuaji. Ufa huu hautokani na kuanguka mara moja. Mfupa hujivunja kidogo na kujijenga kila siku mtu anaporuka na kutua. Mzigo ukizidi kasi ya kujijenga, nyufa ndogo zinaungana. Ubaya wake ni kwamba mwanzoni mara nyingi hauonekani kwenye eksirei ya kawaida, na maumivu yanaanza kama uchovu: yanakuja mtu akikimbia, yanapoa akipumzika, kwa hiyo anaendelea kukimbia. Mtu wa kilo 100 anayeruka mara nyingi kila siku, akiongezewa mechi za timu ya taifa wakati wa kiangazi, ana miezi michache sana ya kuupumzisha mfupa.

Alirudi Januari 2019. Februari, utando unaoshika wayo kutoka kisigino hadi vidoleni ukachanika kwa sehemu. Wauguzaji wa wanamichezo wanalijua jambo hili: mguu uliotoka kwenye upasuaji hubadili namna ya kukanyaga, misuli ya ndama inakuwa imekaza na kudhoofu, na mzigo unahamia mahali pengine. Sisemi ndicho kilichomtokea yeye, kwa kuwa faili lake liko kwa madaktari wake. Ila majeraha mawili ya mguu katika msimu mmoja kwa mtu mrefu ni picha inayojulikana sana.

Msimu huo alicheza mechi 15 tu, pointi 6.2. Gonzaga walikuwa na Hachimura na Brandon Clarke, wakafika hatua ya timu nane na kufungwa na Texas Tech 75–69.

Hapa sheria inaingia. NCAA huweza kumrudishia mchezaji msimu aliopoteza kwa jeraha, kwa masharti: awe ameumia nusu ya kwanza ya msimu, na awe hajazidisha asilimia 30 ya mechi za timu. Gonzaga walicheza mechi 37 msimu ule. Asilimia 30 yake ni mechi 11 hivi. Tillie alicheza 15, na kadhaa kati ya hizo zilikuwa za Machi, wakati timu inamhitaji. Kwa hiyo msimu uliomletea mechi 15 ulihesabiwa mzima. Mchezaji anayerudi kusaidia timu Machi anakuwa amelipa kwa mwaka wake mwenyewe, na mara nyingi hakuna anayemwekea hesabu hiyo mezani kabla hajavaa jezi. Kwangu hili ndilo jambo la kwanza kocha au mzazi anapaswa kuuliza: tumeshatumia mechi ngapi, na zimebaki ngapi kabla ya mlango kufungwa?

Mwaka ambao haukuwa na mwisho

Alijaribu drafti ya 2019 kisha akajitoa kabla ya tarehe ya mwisho, jambo ambalo sheria inaruhusu, akarudi Spokane. Kabla ya msimu kuanza alifanyiwa upasuaji mdogo wa goti. Hata hivyo 2019–20 ulikuwa msimu wake bora kwa pointi: 13.6, ribaundi 5.0, asilimia 40 za pointi tatu kutoka kwenye mstari mpya wa mbali, katika mechi 24. Alicheza na Filip Petrusev chini ya ringi, Corey Kispert pembeni, na Mfaransa mwenzake Joel Ayayi akisukuma mpira. Gonzaga walishinda 31 na kupoteza 2. Tarehe 10 Machi 2020 waliifunga Saint Mary's 84–66 na kutwaa ubingwa wa ligi.

Siku mbili baadaye NCAA ikafuta mashindano ya taifa kwa sababu ya korona. Gonzaga walikuwa miongoni mwa timu zilizotarajiwa kupangwa nafasi ya kwanza. Mwisho wa mwezi NCAA ikaamua kuwaongezea mwaka wanamichezo wa majira ya kuchipua, ambao msimu wao ulikuwa ndio umeanza, na kuwanyima wa majira ya baridi, kikapu kikiwemo, kwa hoja kwamba msimu wao ulikuwa umekaribia kwisha. Miezi michache baadaye wale wa 2020–21 wakapewa mwaka wa ziada wote. Tillie akaangukia kwenye ufa kati ya maamuzi hayo mawili. Naona uamuzi ule haukuwatendea haki wanafunzi wa mwaka wa mwisho. Mechi 33 unaweza kuziita msimu uliokwisha, lakini kila mtu anayefuata mpira wa vyuo anajua miezi minne ile huchezwa kwa ajili ya wiki tatu za Machi.

Jumlisha misimu yake minne: Gonzaga walishinda mechi 133 na kupoteza 13.

Memphis

Drafti ya 2020 ilisogezwa hadi tarehe 18 Novemba na kufanyika kwa mtandao. Majina 60 yakasomwa, la Tillie halikuwemo. Vipaji vyake vilijulikana. Klabu zilikuwa zikisoma ripoti za madaktari: nyonga, kifundo, wayo, goti, yote ndani ya miaka miwili. Klabu inayotumia chaguo la raundi ya pili inanunua miaka ya mbele, na mwili wenye historia hiyo unaonekana kama mkopo usio na dhamana.

Memphis Grizzlies walimpa mkataba wa pande mbili. Mkataba huu humruhusu mchezaji kugawana muda kati ya klabu ya NBA na timu yake ya ligi ya maendeleo, kwa malipo madogo kuliko mkataba wa kawaida, na msimu ule wa korona uliwekewa kikomo cha mechi 50 za NBA. Ni klabu ile ile iliyomchukua Mtanzania Hasheem Thabeet nafasi ya 2 mwaka 2009 kutoka Chuo Kikuu cha Connecticut. Clarke, mwenzake wa Gonzaga, alikuwa ameshatangulia pale.

Kwa forwadi wa pande mbili kazi ni finyu na iko wazi: ingia dakika nane, simama kona au juu ya uwanja, tupa bila kusita ukiachwa, linda mtu bila kufanya faulo ya kipuuzi, rudi benchi. Shida ni kwamba mstari wa NBA uko mita 7.24 juu ya uwanja na 6.70 kwenye kona, na walinzi wanafika haraka zaidi. Na kule sheria ya sekunde tatu za mlinzi ipo, warefu wengi wanatupa kutoka mbali, kwa hiyo ile faida iliyomfanya awe adimu Gonzaga ni jambo la kawaida. Anayebaki ni yule anayefanya hivyo na kulinda pembeni pia, usiku baada ya usiku, mechi 82 za msimu.

Alicheza mechi 18 msimu wa kwanza na 36 msimu wa pili, 2021–22, msimu ambao Grizzlies walishinda mechi 56 na yeye akapandishwa hadi mkataba wa kawaida. Mgongo na goti vikamsumbua tena. Oktoba 2022, siku chache kabla msimu mpya haujaanza, klabu ikamwachia kwa kuwa orodha ya NBA ina nafasi 15 tu na mtu asiyeweza kucheza anakalia moja. Alikuwa na miaka 24.